Kitufe cha Tatu

Gyumri, Januari. Theluji imeufunga mlango wa nyuma
na tanuri bado lina joto la mikate ya asubuhi.
Naifuta meza, naifuta tena,
kisha naiweka kompyuta pale linapokaa donge.

"Shangazi Haykanush, nawa mikono kwanza."
Nimenawa, Varazdat. Unga hautoki.
Miaka thelathini na mmoja umekaa
kwenye mistari ya viganja vyangu;
sasa umehamia kati ya herufi za kibodi,
na herufi inayoanza jina langu inakwama.

Ananifundisha kigeu: bakuli lenye jina,
leo lina nane, kesho sifuri,
jina halibadiliki.
Hilo nimelielewa kabla hajamaliza.
Ananifundisha kitanzi: rudia, rudia,
mpaka sharti litimie.
Nacheka. Mwanangu, mimi wa kuelezwa habari za kurudia?
Kanda, tandaza, bandika, bandua,
kanda. Sharti langu ni unga kwisha.

Lakini ile nukta-mkato!
Siku tatu programu ilikataa kuamka
kwa ajili ya kidoa kimoja mwisho wa mstari wa arobaini,
kitu kidogo kuliko punje ya ufuta.
Nikatukana. Nikapika chai. Nikatukana kwa sauti ya chini.
Varazdat akasema mashine haina ubaya,
inasoma ulichoandika, si ulichokusudia.
Marehemu mume wangu, nikamjibu, alikuwa hivyo hivyo.

Mwezi wa pili ikaamka.
Daftari la madeni, lile la jalada la bluu
lenye harufu ya hamira,
nikalihamisha jina kwa jina:
Siranush, mikate sita. Mkhitar fundi viatu, kumi na miwili.
Kwenye kompyuta walikaa kwa nafasi, kama wageni wa harusi.
Kwenye simu wakabanana:
Mkhitar akakatwa kichwa,
deni la Siranush likapotelea ukingoni.
"Kioo ni kidogo, shangazi. Huwezi kuhamishia
nyumba nzima chumbani. Amua nini kibaki."
Vitufe navyo: nikilenga Lipa, inaitika Ongeza.
Nikavipanua mpaka vikatosha kidole chenye unga.
Vibaya kutazama, akasema Varazdat.
Havitazamwi, nikasema. Vinabonyezwa.

Jumanne Mkhitar akafa.
Moyo. Kiatu cha mtu kilikuwa mkononi.
Ijumaa akaja mkewe, Voski, na fundo la sarafu kwenye leso,
maana daftari alilijua,
hakujua tu kwamba limehamia simuni.
Nikafungua. Mikate kumi na miwili.
Chini yake vitufe viwili, Lipa na Futa,
maana ndivyo nilivyokuwa nimejua kuunda.
Kidole kikasimama hewani.
Nikipokea sarafu zile, uso nitauweka wapi?
Nikifuta, deni litaondoka na mwenyewe,
na zile alfajiri za barafu alizotangulia wote
akigonga mlango kwa soli ya kiatu.
"Mashine imekwama," nikamdanganya. "Njoo kesho."

Usiku ule tulikesha. Yaani nilikesha mimi;
Varazdat alilala kichwa juu ya gunia.
Makosa kumi na moja. Mabano niliyoyafungua
na kuyasahau wazi, kama mlango wa banda la kuku.
Saa kumi alfajiri, tanuri likianza kunguruma,
kitufe cha tatu kikakaa chini ya wenzake:
Samehe.

Nikabonyeza.
Deni likawa sifuri.
Bakuli likabaki na jina lake.

Varazdat akaamka, shavu lina alama ya gunia,
akasoma msimbo wangu mstari kwa mstari
bila kugusa kitu.
"Ungeweza kwa mistari miwili," akasema.
"Umeandika kumi na tisa."

Najua. Nisogezee unga.